Cherehani Ikinyamaza

Shangazi yangu alikuwa na njia moja tu ya kujua kama ukurasa aliouandika unafaa. Aliuleta sebuleni, akaketi kwenye kile kiti kilichovunjika mkono, akausoma kwa sauti huku mimi nikishona. Cherehani ikiendelea kulia mpaka mwisho wa ukurasa, aliukunjakunja, akautia mfukoni na kurudi chumbani kwake bila neno. Cherehani ikinyamaza katikati, basi ukurasa umepita.

Hakuwahi kunieleza sheria hiyo. Niliigundua mwenyewe nikiwa bado msichana, baada ya baba yangu, kaka yake, kufariki na mimi kuhamia kwake. Nilipoigundua nikajifanya mjanja. Jioni moja alinisomea habari ya soko fulani la mbuzi, habari ndefu isiyo na chumvi, nami kwa huruma nikauondoa mguu kwenye kanyagio na kushika shavu. Akanitazama juu ya miwani. "Mguu wako umesema uongo," akasema. "Endelea kushona." Tangu siku hiyo sikumdanganya tena.

Majirani walimwita Mguu Nje. Alikuwa mwandishi wa vitabu vya safari, na kwa kazi hiyo nyumbani kwake alikuwa kama mgeni. Aliondoka na mkoba mmoja wa mgongoni, akapotea miezi, kisha siku moja tukasikia lango linalia na yeye huyo, miguu imevimba, nguo zinanuka moshi na mafuta ya lori, mikono mitupu. Watoto wa mtaani walimzunguka kudai zawadi. "Nimewaletea mto," aliwaambia, "ila bado uko kichwani, subirini niutoe." Aliwahi kuvuka jangwa na wachungaji wa ngamia wasiojua lugha yake hata neno moja. Aliwahi kupanda mlima wenye moto kileleni na kushuka na kiatu kimoja. Aliwahi kukaa msimu mzima wa mvua kwenye kisiwa ambacho kuku walikuwa wengi kuliko watu, akatoka huko anajua, kwa maneno yake mwenyewe, aibu ya kila kuku. Husemwa mtembezi hula miguu yake. Yeye aliila yake na akashiba.

Mimi aliniita Kisiki, kwa sababu nilikuwa sitoki. Si kwamba sikutaka kutoka. Nilipoanza kupata wateja wangu na kuweka akiba kidogo, nilimwomba anichukue safari moja, hata iliyo fupi. Aliweka kikombe chini taratibu.

"Ukiona mto mkubwa hata mmoja," akasema, "kila mto nitakaokuletea utaupima kwa huo. Wasomaji wangu wengi wako kama wewe, wamekaa kwenye viti vyao na kazi zao mikononi. Ukiharibika wewe, nitamsomea nani?"

Nikakubali. Nilikubali kwa sababu nilimpenda, na pia, maana sina haja ya kujipaka mafuta kwa mgongo wa chupa, kwa sababu nilijiona mtu muhimu. Vitabu vya mtu mzima vilipita kwanza chini ya mguu wangu.

Kuna siku alinisomea habari ya barafu. Nje jua lilikuwa kali mpaka mabati yalikuwa yakilia, na mezani pasi ilikuwa imewashwa. Nilikuwa nakunja pindo za sketi za shule. Alisoma jinsi alivyotembea juu ya mto uliogeuka jiwe, akisikia maji yakipita chini ya nyayo zake, na jinsi kope zake zilivyogandana alipofumba macho, ikabidi azipulizie pumzi ndani ya viganja ili afumbue tena. Sikujua nimeacha kushona. Nilisimama, nikaenda chumbani, nikarudi nimevaa sweta, na nilipoketi ndipo nilipoona jasho langu linadondokea sketi ya mtoto wa watu. Shangazi hakucheka. Aliuweka ukurasa mapajani akautazama kwa muda, kana kwamba haukuwa wake.

Nilimwogopa kidogo siku ile. Nilishangaa, na bado nashangaa, kwamba wino kwenye karatasi unaweza kumvika mtu sweta wakati wa joto. Kitabu kile ndicho kilichompa jina kubwa. Muhula ule ndipo pia mwalimu mkuu alipokuja mwenyewe mlangoni, amejishika kiuno, kuuliza kama wanafunzi wake wana sare au hawana.

"Sare bado," Shangazi alimjibu. "Ila barafu iko tayari, ukitaka."

Ugonjwa wa macho ulikuja kwa kunyata. Kwanza alianza kugonga fremu za milango kwa bega, akailaumu nyumba. Kisha akaanza kuangusha vikombe vilivyokuwa pembeni ya mkono wake, akanilaumu mimi. Daktari wa macho alisema ni presha ya macho, kwamba hula kuanzia kingoni kwenda katikati, na kwamba kilicholiwa hakirudi. Shangazi alimsikiliza hadi mwisho, akamshukuru, na njiani akaniuliza daktari alikuwa amevaa shati la rangi gani. Sikuwa nimelitazama. Alinitangulia mpaka tukafika nyumbani, nami nikajua amenikasirikia kuliko alivyomkasirikia daktari.

Wakati huo alikuwa na kitabu mkononi, cha mahali alipowahi kwenda zamani kisha akaenda tena. Sura zote alikuwa amenisomea kabla giza halijamaliza kazi yake, na zote zilikuwa zimepita. Ilibaki ya mwisho, ya uwanda wa chumvi. Uwanda ule alikuwa ameufikia mara kadhaa ujanani, kila mara wakati wa kiangazi, akakuta ardhi nyeupe iliyopasuka na watu wanaochimba chumvi kwa sururu. Watu hao walimwambia kwamba mvua zikinyesha na upepo ukatulia, mbingu hushuka, na mtu hajui tena juu ni wapi na chini ni wapi. Katika kitabu chake cha zamani aliandika kwamba atarudi kuiona. Wasomaji hawakusahau. Hata sokoni alisimamishwa na watu wazima kuulizwa, "Mama, mbingu umeshaiona?"

Mhariri wake alikuja nyumbani, mtu mpole mwenye tai shingoni, anayemumunya peremende za kikohozi mwaka mzima. Aliketi ukingoni mwa kiti kama anayekuja kuposa.

"Mama, picha za mahali pale zipo tele," alisema. "Watu wamekwenda, wamesimulia. Kalamu unaijua kuliko sisi sote. Andika kana kwamba uliona."

"Kana kwamba," Shangazi akarudia. Alilitafuna neno hilo kwanza. "Miaka yote nimewalisha watu chakula nilichokionja mwenyewe. Leo uzeeni niwapakulie nilichosikia kinanukia kwa jirani? Sijaona, siandiki."

"Lakini Mama, sasa..." Mhariri alianza, akatambua neno linakoelekea. Peremende ikagonga meno yake. Kisha akasema alichotumwa kusema: kitabu kisicho na mwisho hakichapwi, na mvua za mwaka huu zikiisha bila sura hiyo, atalazimika kufunga faili.

"Funga," Shangazi akasema.

Nilimsindikiza mgeni hadi langoni. Niliporudi, Shangazi alikuwa amekaa palepale, uso umeelekea dirisha ambalo halikuwa na faida kwake tena. Nilijua, na yeye alijua, kwamba hakutakuwa na kitabu kingine baada ya hiki, wala mvua nyingine ambayo miguu yake ingeweza kuifuata.

"Kisiki," akasema, "una begi?"

"Nina la vitambaa."

"Toa vitambaa."

Ningependa kusema nilifurahi. Badala yake nilikasirika. Nilimwambia kwamba miaka yote alinizuia hata kwenda mji wa pili, kwamba watoto niliowashonea sare za shule sasa nawashonea watoto wao, na leo, kwa kuwa macho yake yamekwisha, ndipo anayakumbuka yangu. Nilisema mengine pia. Aliniacha nikamaliza.

"Kitambaa kizuri hukikati mpaka ujue unashona nini," akasema. "Nilikuwa nakutunza."

"Mimi si kitambaa, Shangazi."

"Najua. Nilikosea hapo." Akapapasa hewani mpaka akaupata mkono wangu. "Nisindikize nikaikose mbingu mara ya mwisho."

Sikuwahi kumsikia akiomba. Nilitoa vitambaa.

Safari ilikuwa ya basi, kisha basi jingine, kisha gari la mizigo. Shangazi alinunua mfuko wa karanga za kuchemsha zenye maganda, akakaa upande wa dirisha kwa mazoea, nami nikakaa kando yake na kuchungulia juu ya kichwa chake.

"Nje kuna nini?" akauliza.

"Miti."

Akapasua karanga. "Miti gani, inafanya nini?"

"Miti tu, Shangazi. Mizuri."

"Mizuri ni neno la mtu aliyechoka." Akapasua nyingine, maganda akayamimina mapajani kwangu.

Ilikuwa hivyo njia nzima. Nilisema kilima, akauliza kina upara au kina nywele. Nilisema mto, akauliza unaelekea wapi na una haraka gani. Kila nilipojibu ovyo nilisikia ganda likipasuka, na nikaanza kulichukia ganda hilo kuliko nilivyowahi kuchukia mteja msumbufu. Lakini ghafla, tulipovuka vilima vya mwisho, nchi ilifunguka mbele yetu, tambarare, ikaenda na kwenda, na hakuna kitu kilichoisimamisha. Maisha yangu yote macho yangu yalikuwa yamegota kwenye ukuta wa jirani. Niliyaachia yaende na hayakugota popote. Nilishika kiti cha mbele kwa mikono miwili.

"Umenyamaza," Shangazi akasema.

"Sikujua ni kubwa hivi."

"Nini?"

"Dunia."

Mara hiyo hakupasua kitu. Aliguna tu, kisha akasinzia.

Tulifikia nyumba ya wageni ya mabati karibu na wachimba chumvi. Dereva wa gari la mizigo, mwanamume mkavu wa mwili na wa maneno, alitutazama, akamtazama Shangazi mara ya pili, akaelewa. "Maji yapo," akasema, "lakini upepo ukivuma yanakunjamana, na mbingu haikai juu ya kitu kilichokunjamana." Upepo ukavuma. Ulivuma siku hiyo na zilizofuata, ukatikisa mabati, ukatujaza vumbi la chumvi midomoni. Dereva alisema mvua ikikata na jua likashika, maji yote yatakauka kabla ya juma kuisha. Shangazi alilala chali kitandani akisikiliza. Kila nilipotoka kuangalia na kurudi, nilimkuta amegeuza uso kwangu, nami nikalazimika kumwambia bado. Mhariri na faili lake niliwasahau. Niliomba tu upepo unyamaze, kwa ajili ya bibi kizee aliyevuka majangwa na sasa anashindwa na kitu kisicho na mwili.

Alasiri moja mabati yalinyamaza. Kabla sijaamini masikio yangu, Dereva alibisha. "Twende sasa hivi," akasema.

Gari liliingia majini polepole. Maji yenyewe hayakufika hata kwenye kifundo cha mguu. Tulikwenda mpaka nyumba ya wageni ikawa kidoa, kisha haikuwapo, na hapo Dereva akazima injini. Tulimketisha Shangazi nyuma ya gari, kibao cha mlango wa nyuma kimeshushwa, miguu yake inaning'inia, mfuko wa karanga mapajani. Dereva akaenda zake mbali kutuachia nafasi. Mimi nikashusha mguu mmoja, nikaurudisha.

Sikuweza kukanyaga. Chini ya gari palikuwa na mawingu.

"Umeona?" Shangazi akauliza.

"Nimeona."

"Niambie."

Nilifungua kinywa na maneno yote niliyowahi kuyasikia chini ya paa lake yakanikimbia. "Ni kama kioo," nikasema.

Ganda likapasuka. "Kioo ninacho chumbani, na sikitumii."

"Ni... ni kubwa, Shangazi. Inatisha. Inapendeza mno, mtu hawezi—"

Likapasuka jingine, na jingine. Alikuwa anatafuna haraka sasa, mkono ukitafuta karanga nyingine mfukoni kabla hajameza. Nilitambua kwamba hakuwa anadhihaki. Aliogopa. Alikuwa amefika mahali alipopataka kuliko pote, amekaa katikati yake, na hapakuwa na chochote kwake ila giza lilelile la sebuleni na mimi nisiye na maneno. Machozi yakanitoka kwa hasira, na hasira ilikuwa juu yangu mwenyewe.

"Nguo huanzi kwa kuisifu," akasema taratibu. "Unaanzia wapi?"

"Pindo."

"Basi."

Nikashuka. Nikafumba macho, nikakanyaga, chumvi ikashika nyayo, ngumu na yenye chenga. Nikafumbua macho na kuanzia miguuni.

"Nimesimama juu ya nyayo za mtu," nikasema. "Ni mimi. Amening'inia kichwa chini, nyayo zake kwenye nyayo zangu. Nikiinua mguu, anainua. Nikiurudisha, tunakutana palepale, na duara linatoka hapo linakwenda, na wingu lililo chini linavunjika, linatikisika, linajiunga tena. Sasa limetulia. Hakuna aliyejua limevunjika."

Nilipiga hatua nyingine. "Natafuta mshono," nikasema. "Mahali mbingu iliposhonewa ardhi. Sioni, Shangazi. Mimi najua kutafuta mshono, na hapa hakuna. Kitambaa ni kimoja. Kimepita chini yetu, kimepanda, kimezunguka kikarudi. Dereva yuko kule, anatembea. Hana kitu chini. Kuna wingu chini yake, na chini ya wingu kuna bluu, na bluu inakwenda chini kama inavyokwenda juu. Anajikuna shingo. Mwenzake wa chini naye anajikuna."

Sikujua kama ananisikia. Sikuwa nasema kwa ajili yake tena. Nilisema kwa sababu nisingesema ningepiga kelele. "Ndege anapita. Wawili, tumbo kwa tumbo. Anashuka, na wa chini anapanda kumpokea. Wamegusana. Sasa ni ndege mmoja mwenye miguu mirefu, na vichwa viwili, kimoja juu, kimoja chini."

Halafu nililitazama jua, nikanyamaza. Nilishika ubavu wa gari.

"Una nini?" Shangazi akauliza.

"Naogopa kuanguka."

"Kuanguka wapi?"

"Sijui. Popote. Hata juu."

Nikaendelea, sauti yangu ndogo mbele ya ukubwa ule. "Jua ni mawili. Moja linashuka, moja linapanda, na yanaendeana. Rangi zimeanza kutoka katikati yao, nyekundu, kisha ya manjano ya yai, zinapanda upande mmoja na kushuka upande wa pili kwa kipimo kilekile. Mawingu yote yameshika moto, ya juu na ya chini. Hakuna anayepiga kelele. Moto wote huu, Shangazi, na hausikiki hata kidogo."

Kweli hapakuwa na sauti. Hapakuwa na upepo, wala mlio wa ndege, wala injini. Palikuwa pametulia kiasi kwamba nilichelewa kutambua ni sauti gani nyingine iliyokuwa imekoma. Ganda halikuwa limepasuka muda mrefu. Nilitaka kugeuka nimwangalie, lakini majua mawili yalikuwa yanakaribia kugusana, nami, Kisiki, niliyekaa miaka yote nikiletewa dunia na mtu mwingine, sikuweza kuyaondoa macho. Nilijivuta hatua chache mbele ili nione vizuri, nikasimama hapo mdomo wazi.

"Kisiki," Shangazi akaita nyuma yangu, kwa sauti ya chini na ya haraka, ya mtu asiyetaka kupitwa.

"Abee, Shangazi."

"Sogea kushoto kidogo. Umenikinga."

Nikasogea.